UZI: Jaji Mkuu Francis Nyalali, hakimu aliyesema jasho ni mali

#1 Mzee wa Masjala

Wakuu, salaam kwenu.

Juzi kwenye uzi wa mambo ya ndoa kuna kijana aliandika kwa kujiamini kabisa kwamba mama wa nyumbani akiachika anaondoka na nguo zake tu, maana "nyumba ni ya aliyenunua". Nikamwambia hilo lilishapigwa chini mwaka 1983. Akauliza limepigwa chini na nani. Nikamjibu, Nyalali. Akarudi tena: "Nyalali ndiyo nani?"

Nilizima simu nikaenda kumwagilia mchicha. Lakini swali likanifuata hadi bustanini, maana kosa si la kijana. Tunajua majina ya mawaziri wa mwaka mmoja, halafu mtu aliyekaa kwenye kiti cha Jaji Mkuu miaka 23 hatumjui. Basi nashusha uzi. Mimi si wakili. Ni karani mstaafu, nimebeba majalada kuanzia mahakama ya mwanzo hadi masjala ya Mahakama Kuu, na hukumu nyingi nilizisoma nikiwa nimesimama, muhuri mkononi. Nikikosea, mawakili mliomo humu nisahihisheni, sina kinyongo.

Kwa kifupi, alizaliwa 1935. Akaanzia chini kwenye uhakimu, akapanda hadi ujaji wa Mahakama Kuu, na mwaka 1977 Mwalimu Nyerere akamteua kuwa Jaji Mkuu akiwa na miaka 42. Alipokea kiti kutoka kwa Augustine Saidi. Aliondoka 2000, akamwachia Barnabas Samatta. Hesabuni wenyewe marais aliofanya nao kazi: Nyerere, Mwinyi, Mkapa. Alifariki Aprili 2003. Hakuna aliyekaa kiti kile muda mrefu kama yeye.

Tazameni na mwaka alioanza. 1977 ndiyo Jumuiya ya Afrika Mashariki ilivunjika, na mahakama yake ya rufani ikaenda nayo. Ilibidi tuunde ya kwetu, ikaanza 1979, naye ndiye aliyeiongoza tangu siku ya kwanza. Chama kilikuwa kimoja, na chama kilikuwa juu. Katiba haikuwa na sura ya haki za binadamu. Sura hiyo iliingizwa 1984, ikaanza kutumika 1985, lakini wakaiwekea kufuli: hakuna kwenda mahakamani kuidai mpaka Machi 1988. Sababu waliyotoa ni kwamba Serikali ipate muda wa kusafisha sheria zake. Miaka mitatu ikapita, sheria zikabaki na vumbi lile lile.

Sasa, hukumu ninazozitaka hasa ni mbili. Moja ya mke, moja ya shamba. Watu wanazisoma mbalimbali, ya kwanza kwa wanaosoma sheria ya familia, ya pili kwa wa ardhi. Mimi nimeziona kwenye rafu moja na nadhani ni hukumu moja iliyoandikwa mara mbili.

Naendelea hapo chini, ngoja nile kwanza.

#2 pangu_pakavu

Siti ya mbele kabisa. Mzee shushia maji urudi.

#3 Kijana wa Ndoa

Shikamoo mzee. Mimi ndiye niliyeuliza. Nipo nasubiri kusahihishwa.

#4 Mzee wa Masjala

Marahaba mwanangu. Umefanya uungwana kuja.

Haya. Bi Hawa Mohamed dhidi ya Ally Sefu, Mahakama ya Rufani, Dar es Salaam, 1983.

Wawili hawa walikuwa mke na mume. Ndoa ilivunjwa 1980 na Mahakama ya Mwanzo ya Kariakoo, wilaya ya Ilala. Bi Hawa akaomba mgawo wa mali waliyochuma. Mahakama ya Mwanzo ikamwambia hana mgawo: nyumba imenunuliwa kwa pesa ya mume, na yeye alikuwa mke tu. Akakata rufaa Mahakama Kuu, akashindwa. Akapanda Mahakama ya Rufani.

Kuna kifungu cha 114 kwenye Sheria ya Ndoa ya 1971. Kinaipa mahakama uwezo wa kugawa mali iliyopatikana kwa "juhudi za pamoja" za mke na mume, kwa kuangalia mchango wa kila mmoja wa fedha, mali au kazi. Neno lililokuwa linawagonganisha majaji wa Mahakama Kuu ni hilo la mwisho. Kazi ipi? Wengine walisema kupika, kufua na kulea si kazi ya kuchuma mali, ni wajibu wa mke na malipo yake ni chakula na mavazi anayopewa. Wengine wakasema hapana, nayo ni kazi. Kwa hiyo haki ya mwanamke ilitegemea jalada lake limeangukia meza ya nani.

Nyalali akauliza swali ambalo kwangu ndilo lililobeba hukumu nzima: sheria hii ilitungwa kutibu ugonjwa gani? Akajibu, ugonjwa wa wake kunyonywa na kukandamizwa na waume zao kwa mazoea ya miaka. Ukishajua ugonjwa, huwezi kuisoma dawa kwa namna inayoulea. Kisha akaenda kwenye uchumi wa nyumba. Ustawi wa familia ni sehemu ya shughuli za kiuchumi za mtu mwenye familia. Mume anayetoka asubuhi nguo zimepigwa pasi, watoto wamekula, mgonjwa ameuguzwa, ameweza kutafuta hiyo pesa kwa sababu kuna mtu ameshika upande wa pili wa mzigo. Basi aliyeshika upande wa pili amechangia.

(Mfano wa pasi ni wangu. Hoja ni yake.)

Kijana, hapo ndipo "mke tu" ilipokufa.

#5 Wakili Msomi Jr

Mzee umeeleza vizuri kuliko mhadhiri wangu. Ila umewapandisha watu juu ukaacha kuwaambia mwisho wa filamu. Bi Hawa ALISHINDWA.

#6 Kijana wa Ndoa

Eh! Alishindwa tena?

#7 Mzee wa Masjala

Nilikuwa nakuja huko, wakili, umeniwahi.

Ndiyo, aliondoka mikono mitupu. Ushahidi ulionyesha kuwa mume alishampa fedha aanzishe biashara ya familia, fedha zikapotea bila maelezo ya kueleweka. Mahakama ikasema kazi yake ya nyumbani ni mchango kweli, ila ule mchango alishauchukua na kuutapanya. Ni kama mtu aliyeweka akiba benki akaitoa yote, halafu akarudi dirishani kuidai tena.

Sasa fikirini. Mwanamke amepanda ngazi tatu za mahakama, amefungua mlango ambao maelfu ya wanawake wamepita, yeye mwenyewe mlango ukamfungia nje. Jina lake linatajwa kwenye kila shauri la talaka nchi hii, kila wakili anasema "kama ilivyoamuliwa kwa Bi Hawa", na Bi Hawa hakupata hata chumba kimoja.

Mimi hilo huniuma hadi leo. Sijui kama Nyalali lilimuuma.

#8 Mama Chausiku wa Msaada

Naomba kuchangia, maana hii hukumu natembea nayo kwenye pochi.

Mimi ni msaidizi wa kisheria wa kujitolea, mkoa sitaji. Miaka michache nyuma nilimsindikiza dada mmoja mahakama ya mwanzo. Ndoa miaka 14, watoto wanne, hajawahi kuajiriwa. Mume akasimama mbele ya hakimu akasema, "Mheshimiwa, huyu hakununua hata msumari." Watu wakacheka nyuma kule.

Yule dada alikuwa na mfuko wa plastiki wa bluu. Akatoa daftari la shule, lile la kurasa 96. Ndani ameandika kila siku mafundi walipokuja: wamekula nini, wamekunywa chai ngapi, ndoo ngapi za maji amechota za kumwagilia tofali. Tarehe zipo, mwandiko wa penseli. Ndoo 40 siku moja, 35 siku nyingine. Hakimu akalichukua, akafungua ukurasa mmoja mmoja, kimya. Yule mume akaanza kukohoa.

Hakupata nusu. Alipata theluthi hivi ya thamani ya nyumba. Lakini nilimwona ameshika lile daftari kama cheti.

Kwa hiyo dada zangu mnaosoma humu: sheria ipo upande wenu lakini inataka kuonyeshwa. Mahakama za siku hizi zinasisitiza sana ushahidi wa kiwango cha mchango. Kusema "nilikuwa mke" peke yake hakutoshi. Andikeni.

#9 pangu_pakavu

Ndoo 40. Mimi nikibeba mbili nataka panadol.

#10 Wakili Msomi Jr

Mama Chausiku, hongera kwa kazi. Na kweli, ugomvi siku hizi si kama kazi ya nyumbani ni mchango, hilo limeisha. Ugomvi ni kiasi gani. Nyalali hakuacha kipimo. Alisema jasho lina thamani, hakusema shilingi ngapi, kwa hiyo kila hakimu anakata kwa mkono wake.

#11 Mzee wa Masjala

Sahihi. Sasa shamba.

Twende kaskazini, kijiji cha Kambi ya Simba, Mbulumbulu, siku hizi wilaya ya Karatu. Mnaikumbuka Operesheni Vijiji ya miaka ya sabini, watu walihamishwa kwa malori, mashamba yakagawiwa upya bila karatasi. Miaka ya themanini, upepo wa siasa ulipobadilika, wenye mashamba ya asili walianza kurudi mahakamani kudai vyao. Na wakawa wanashinda! Baba mmoja na mwanawe walishinda kesi yao mahakama ya hakimu mkazi Arusha, wakarudishiwa shamba lao la kimila.

Serikali ikaona mafuriko yanakuja. Mwaka 1992 Bunge likatunga Sheria Na. 22, ya umilikaji wa ardhi katika vijiji vilivyoanzishwa. Ilifuta haki za kimila kwenye vijiji hivyo. Ikakataza fidia kwa haki iliyofutwa. Ikazuia mahakama kusikiliza mashauri ya namna hiyo, ikaua yaliyokuwa yanaendelea, na hata ambaye ameshashinda akaambiwa ushindi wake hautekelezwi. Yaani mwamuzi amepuliza kipenga, mmeshinda, halafu mwenye uwanja anakuja kufuta mabao ubaoni.

Baba na mwana wakaenda Mahakama Kuu Arusha kuishtaki sheria yenyewe, Jaji Munuo akaifuta sheria hiyo. Serikali ikakata rufaa. Ndiyo Mwanasheria Mkuu dhidi ya Lohay Akonaay na Joseph Lohay, hukumu ya Desemba 1994, imeandikwa na Nyalali.

Hoja ya Serikali ilikuwa kwamba haki ya kimila juu ya ardhi si "mali" inayolindwa na ibara ya 24 ya Katiba, kwa sababu ardhi yote ni ya umma na mwananchi anaikalia tu. Jibu la Nyalali nalikumbuka tangu siku nilipoigonga muhuri nakala yake: ikiwa hivyo ndivyo, basi wakazi wengi wa Tanzania Bara si zaidi ya wavamizi katika nchi yao wenyewe.

Someni tena. Wavamizi katika nchi yao wenyewe.

Halafu akafanya kitu kitamu. Wakili wa Serikali alikuwa anategemea siasa ya ardhi ya umma, siasa ya Mwalimu. Nyalali akaenda kwa Mwalimu mwenyewe, maandishi yake ya 1958. Nyerere alikuwa ameeleza hivi: ardhi ni zawadi ya Mungu, siwezi kusema ni yangu. Lakini nikikata msitu, nikang'oa visiki, nimeiongezea thamani, na atakayetaka kuichukua ile sehemu niliyoifyeka sharti anilipe kwa ile kazi. Kwa msingi huo Mahakama ikasema, hata pale ambapo hakuna nyumba wala miti ya kudumu ya kuhesabu, ikiwa mtu ameweka nguvu zake katika ardhi ile, anastahili fidia ya haki akinyang'anywa.

Mnaona sasa ninachosema? 1983: aliyefua na kupika ametia jasho, hivyo ana sehemu. 1994: aliyefyeka na kulima ametia jasho, hivyo ana sehemu. Wote wawili walikuwa wameambiwa hawana karatasi, hawana chao. Mmoja ni mke tu, mwingine ni mkaaji tu. Ni lile lile neno "tu" ambalo Nyalali hakulipenda.

#12 Mbulu Asilia

Mzee nimesisimka. Babu yangu mzaa mama alihamishwa kwenye operesheni ile. Alikuwa anatuonyesha mti mmoja wa mwiba mbali kule akisema "mpaka wangu ulianzia pale". Shamba lenyewe lilikuwa la mtu mwingine miaka mingi, ila kila tukipita lazima aoneshe ule mti. Hakwenda mahakamani. Alisema mahakama ni ya watu wenye viatu.

#13 Wakili Msomi Jr

Mzee wa Masjala, kwa heshima, hapa tena nikurekebishe kidogo. Ukisoma hadi mwisho, Mahakama ya Rufani HAIKUFUTA sheria yote kama Jaji Munuo alivyofanya. Ilisema msingi kwamba haki ya kimila ni mali, sawa. Lakini ikaona haki za kimila maeneo yale zilikuwa zimeshafutwa kabla, kwa amri ya Serikali ya 1987, hivyo vifungu vya kufuta haki vikabaki. Vilivyotupwa ni vile vilivyofunga milango ya mahakama na kuua mashauri. Serikali ilishinda robo, ikashindwa robo tatu, au kinyume chake, inategemea umesimama wapi.

#14 Mzee wa Masjala

Nakubali, wakili. Niliandika kwa furaha nikaruka ukurasa.

Lakini umezidi kunipa hoja. Ni Bi Hawa yule yule! Kanuni kubwa mbele, halafu unafika ukurasa wa mwisho unakuta mwenye shauri amepewa nusu kikombe. Waliokunywa kikombe kizima ni waliokuja baadaye. Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya 1999, ile Na. 5, inasema waziwazi kwamba hakimiliki ya kimila ina hadhi sawa na hakimiliki ya kupewa na Serikali. Bila Akonaay sidhani kama wangeandika hivyo.

#15 binti_wa_ihangiro

Naomba niwaharibie sherehe wazee wangu.

Huyo Nyalali wenu ni mzuri lakini ni mwoga. Jaji wa kweli wa enzi zile alikuwa James Mwalusanya. Sisi wa Kagera hatumsahau. 1990, Mahakama Kuu Mwanza, shauri la Bernardo Ephrahim dhidi ya Holaria Pastory. Bibi wa kwetu Muleba alirithi shamba la ukoo kwa wosia wa baba yake. Amezeeka, hana wa kumtunza, akaliuza Agosti 1988 kwa shilingi 300,000 kwa mtu asiye wa ukoo. Kesho yake tu, KESHO YAKE, mpwa wake yuko Mahakama ya Mwanzo Kashasha anasema mwanamke wa Kihaya hana mamlaka ya kuuza kibanja cha ukoo. Kumtunza shangazi hakuwa na nafasi, kumshtaki alipata nafasi ndani ya saa 24.

Mila zetu zilizoandikwa serikalini mwaka 1963 zilikuwa zinasema mwanamke anaweza kula matunda ya shamba la ukoo maisha yake yote lakini asiuze. Mwalusanya akaanza hukumu kwa kusema rufaa hii inahusu haki za wanawake, ukombozi wa wanawake uko juu kwenye ajenda. Mstari wa kwanza! Hakuzunguka. Akasema kanuni ile inapingana na Katiba, mwanamke na mwanamume wana haki sawa ya kurithi na kuuza. Mpwa akipenda kulikomboa alipe hizo laki tatu ndani ya miezi sita, asipolipa shamba ni la mnunuzi.

Na bibi ALISHINDA. Hakuondoka na nusu kikombe.

#16 pangu_pakavu

Huyo mpwa alilala kweli usiku ule?

#17 Mzee wa Masjala

Binti, karibu. Mwalusanya nami nampenda, nisikufiche. Hukumu zake zilikuwa zikifika masjala tunagombania nani aanze kuzisoma. Ndiye aliyeitupa 1988 ile sheria ya mkoloni ya 1921 iliyoruhusu mtu kuhamishwa kwa nguvu kwao. Ndiye aliyesema 1994 pale Dodoma, katika shauri la Mbushuu, kwamba adhabu ya kifo inavunja Katiba.

Lakini angalia kilichofuata. Mahakama ya Rufani, 1995, ilikubali kwamba kunyonga ni ukatili na kunadhalilisha utu, kisha ikasema Katiba inaruhusu kwa maslahi ya umma. Kitanzi kikarudi. (Nyalali hakuwa kwenye jopo lile, nisimbebeshe.) Tofauti na shauri la Daudi Pete: Mwalusanya alifuta kifungu kilichonyima dhamana kabla mahakama haijamsikiliza mtu, Serikali ikakata rufaa, Nyalali akashika kalamu. Hakukubali kila alichosema Mwalusanya, alipunguza hapa na pale, lakini kifungu hakikuinuliwa kwenye rufaa ile. Mwalusanya alirusha jiwe mbali, na Nyalali alipolishikilia, halikurudi kumpiga.

Mwoga? Labda. Mimi nasema alikuwa anajua uzito wa meza aliyokaa.

#18 binti_wa_ihangiro

Uzito wa meza ndiyo lugha ya waoga, mzee wangu 😄 Lakini nimekuelewa. Naongeza na Jaji Lugakingira basi, kwa usawa. Oktoba 1994 aliruhusu mgombea binafsi katika shauri la Mtikila. Serikali ilifanya nini? Ikabadilisha Katiba kuzima hukumu. Ikabidi Mchungaji Mtikila aende hadi Mahakama ya Afrika, akashinda 2013, na hadi leo mgombea binafsi hayupo. Hapo ukimlaumu nani? Jaji hakukosea chochote.

#19 Kidumu Daima

Nyie mnamsifia mtu mmesahau aliyotufanyia 1991. Tume ya Nyalali ilizunguka nchi nzima kuuliza wananchi wanataka chama kimoja au vingi. Karibu wanne katika kila watano wakasema kimoja. Yeye akarudi kwa Mwinyi akapendekeza vingi. Hiyo ndiyo demokrasia? Kwenye mahakama yake nako alikuwa anahesabu kura namna hiyo?

#20 Mbulu Asilia

Wewe nawe umetoka wapi.

#21 Mzee wa Masjala

Mwacheni, swali lake lina nyama.

Ni kweli, hesabu ilikuwa hivyo. Lakini tume ilifanya kazi ya majaji, haikuishia kuhesabu vichwa. Iliwasikiliza waliotaka chama kimoja, ikakuta wengi wao wanakitaka kiwe si kile walichokuwa nacho: wanataka kibadilike, kisikilize, kiache ubabe. Na mmoja kati ya watano akitaka kutoka chumbani, kumfungia mlango si amani. Wakapendekeza tufungue sasa tukiwa tunaongea vizuri. Julai 1992 vyama vingi vikawa sheria.

Lakini lawama ipo, ila si hiyo yako. Lawama ni kwamba Jaji Mkuu aliyeko kazini hakupaswa kuongoza tume ya siasa. Kesho sheria aliyoipendekeza ikifikishwa mbele yake, ataihukumuje? Ile tume iliorodhesha sheria 40 kandamizi za kufutwa au kurekebishwa, ikiwemo ile ya 1962 ya kuweka watu kizuizini bila kesi. Nyingine zilifika mahakamani kweli. Sikuwahi kupata jibu la kuniridhisha hapo.

Halafu kitu cha kuchekesha kidogo. Nyalali alipendekeza muungano wa serikali tatu: ya Tanganyika, ya Zanzibar na ya Muungano. Likawekwa kabatini. Ikaja kamati ya Jaji Kisanga, ikasema tatu, 1999, wakakaripiwa kwa kuvuka mipaka. Ikaja tume ya Jaji Warioba, 2013, tatu tena. Ukimtuma jaji akusikilizie wananchi, anarudi na tatu. Sijui kwa nini wanaendelea kuwatuma majaji.

#22 Kidumu Daima

Hapo kwenye tatu tukutane uzi mwingine. Ila lile la waliotaka chama kimoja kibadilike sikulijua. Sawa.

#23 Kijana wa Ndoa

Mzee, nimekaa nimesoma yote. Nimempigia mama. Aliachika mimi nina miaka tisa, tuliondoka na begi moja na jiko la mchina. Nimemuuliza kwa nini hakudai. Akasema walimwambia "wewe ulikuwa unapika tu". Mwaka ulikuwa 1998.

Miaka 15 baada ya hiyo hukumu. Sasa nimeelewa kwa nini nilikuwa naandika ule ujinga, niliukuta nyumbani.

Naipata wapi niisome mwenyewe?

#24 Mama Chausiku wa Msaada

Pole mwanangu. Mwambie mama shikamoo. Kesi kama hiyo nazipata kila mwezi, watu hawajui tu.

#25 Wakili Msomi Jr

Ingia TanzLII, tovuti ya hukumu za Tanzania, bure kabisa. Tafuta Bi Hawa Mohamed na Ally Sefu, 1983. Kurasa si nyingi. Tatizo ni Kiingereza, tena cha mahakama. Kiswahili kimefanywa rasmi kuwa lugha ya mahakama 2021 tu, za zamani zimebaki na kikoti chao.

#26 Mzee wa Masjala

Kijana, nimesoma ujumbe wako mara mbili. Mwambie mama yako kuna karani mzee anamsalimia.

Kikoti cha Kiingereza kisikutishe. Nimeanza kukutafsiria, jioni hii nimemaliza ukurasa wa kwanza kwa mkono, nitauchapa kesho. Nimekwama sehemu moja tu na nilikuwa nataka kuwauliza wenzangu. Nyalali ananukuu Mahakama ya Mwanzo kwa Kiingereza, pale ilipomwita Bi Hawa mke asiye na lolote zaidi ya kuwa mke. Nimeandika "mke tu". Lakini Mahakama ya Mwanzo inaandika kwa Kiswahili, imeandika hivyo siku zote. Kwa hiyo hakimu wa Kariakoo hakuandika Kiingereza kile. Aliandika neno lake la Kiswahili, Nyalali akalivika kikoti, na mimi sasa nalivua bila kujua ndani lilikuwa limevaa nini. "Mke tu"? "Mke basi"? "Alikuwa mke, si zaidi"?

Neno lenyewe liko kwenye jalada la 1980, kama panya hawajafika. Aliyewahi kufanya kazi masjala ile anijulishe inbox.